Mazishi ya Jalada la Mbaruku

Palikuwa na nchi, na haikuwa hii. Hii ina mambo yake, ile ilikuwa na yake, na mtu akiona yanafanana basi kasoro iko machoni mwake, aende akapimwe.

Katika nchi hiyo kesi iliyowashinda polisi haikufungwa tu. Ilizikwa.

Haikuwa hivyo tangu mwanzo. Zamani askari wakichoka kupeleleza, jalada la kesi lilitupwa kabatini likaachiwa mende. Lakini majalada ya nchi ile yalikuwa na tabia mbaya ya kufufuka. Mtu angekaa kimya miaka, halafu azuke na wakili, au na mjukuu aliyesoma, agonge meza. Jalada litolewe, lipanguswe vumbi, na watu wazito waliokwisha kusahau walazimishwe kukumbuka. Jambo hilo liliwaharibia usingizi. Na nchi ambayo watu wake wazito hawalali, itaendeleaje?

Ndipo Mwangaza wa Nchi, maana ndivyo rais wao alivyoitwa hata siku umeme ulipokatika, akahutubia uwanjani.

"Ndugu wananchi! Jalada ni nani? Jalada ni mtumishi wa umma! Lilizaliwa kituoni, likanyonya wino, likazunguka meza kwa meza bila likizo! Leo limekufa kazini, tunalitupa kabatini na mende! Je, huo ndio utu wetu?"

Wananchi wakasema siyo. Walikuwa wameletwa na magari ya serikali ili waseme hivyo.

Tangu siku hiyo ikawa sheria: jalada lililofungwa lizikwe kwa heshima zote, na kwa mila zote za mahali. Ndugu wa mtu aliyetendewa uhalifu ndio wafiwa rasmi, na wao ndio wanaotupa udongo wa kwanza. Udongo huo ukishatua, basi. Kuitaja tena kesi hiyo ni kufukua maiti, na kufukua maiti ni jela. Pakatengwa Makaburi ya Majalada, mahali pazuri kuliko pote mjini. Nyasi zake zilimwagiliwa asubuhi na jioni, kwa maji yaliyokuwa yakienda hospitali. Kila kaburi lilikuwa na jiwe lake, na kila jiwe maandishi yake: *Lilipambana na ukweli kwa ushujaa hadi pumzi ya mwisho.*

Sasa katika mji mmoja wa nchi hiyo aliishi mwanamke jina lake Mwamvua, mshona magunia. Wakulima walimletea magunia ya mpunga yaliyojaa, naye akayafunga midomo kwa sindano ndefu kama mkuki. Alikuwa mtu wa maneno machache, pengine kwa sababu ya kushinda akifunga midomo. Siku moja askari mmoja akamjia, akavua kofia, akaiweka kifuani.

"Mama, jikaze."

"Kuna nini tena, afande?"

"Jalada la mdogo wako limefariki dunia. Liliugua muda mrefu, tukalihangaikia sana. Mazishi ni Alhamisi. Pilau itapikwa na serikali."

Mwamvua akaitia sindano kwenye gunia, akaiacha humo.

Mdogo wake huyo, Mbaruku, alikuwa kijana wa mizani, pale malori yanapopimwa uzito kabla ya kuvuka daraja. Daraja lenyewe lilikuwa zee, na siku za gulio watu walipanga nyanya na dagaa hadi chini yake. Siku moja ya gulio, jua likiwa utosini, likaja lori la magogo limeshiba hadi linaguna. Mbaruku akalipima, akatikisa kichwa, akashusha kizuizi. Dereva akapiga honi. Mbaruku akasimama mbele ya lori na kibendera chake chekundu. Dereva akapiga honi mara nyingine, kisha akapita. Lori likapita na kizuizi, na Mbaruku pia.

Dereva alikuwa Mheshimiwa mbunge wa mji ule. Alipenda kuendesha malori yake mwenyewe siku za gulio ili wapigakura wamwone akifanya kazi za mikono. Lori lilikuwa na picha yake ubavuni, kubwa kama mlango wa msikiti, anacheka. Jina lake hatuwezi kulitaja hapa, kwa sababu polisi walipeleleza wakathibitisha kwamba hajulikani, na sisi ni nani hata tujue wasichokijua polisi? Taarifa yao ilisema marehemu aligongwa na chombo kisichojulikana, kilichoendeshwa na mtu asiyejulikana, kikaelekea kusikojulikana. Kusikojulikana kwenyewe ni uani kwa Mheshimiwa, ukitoka kituo cha polisi unavuka barabara tu.

Mwamvua hakutaka mengi. Hakumtakia mtu kitanzi. Alitaka siku moja, mbele ya meza ya sheria, mtu amwulize nani alimuua mdogo wake, na yeye ajibu, na jibu liandikwe. Mpaka leo akipika wali alikuwa anabandua ukoko na kuuweka pembeni, kwa sababu Mbaruku alipenda ukoko, kisha anakumbuka. Na sasa Alhamisi wanamtaka atupe udongo na anyamaze milele.

Akajifunga khanga, akaenda kituo cha polisi kuuliza sheria inasemaje.

Alipokelewa na Bwana Mlangwa. Kwa sababu ya uhaba wa watumishi, Bwana Mlangwa alikuwa Mpelelezi Mkuu kuanzia asubuhi hadi chakula cha mchana, na baada ya chakula alikuwa Ofisa Mliwaza wa Familia. Mwamvua alimkuta anafuta mdomo, kwa hiyo alikuwa ameshaanza kuliwaza.

"Karibu, mama yangu, karibu. Pole kwa msiba. Lakini usije ukadhani sheria imekutupa. Sheria yetu ina milango mingi!"

"Nionyeshe mmoja tu, mwanangu, nipite."

"Mlango wa kwanza: mapitio. Ofisa mwingine kabisa, asiyehusika, anaupitia uamuzi wa kulifunga jalada."

"Ofisa gani?"

"Mimi."

"Si wewe uliyetia sahihi lifungwe?"

"Aa, mama! Yule alikuwa mimi wa kiti kile." Akanyanyuka, akahamia kiti cha karibu na dirisha, akavaa miwani, akaomba jalada kwa mkono wake wa kushoto akajipa kwa mkono wa kulia. Akasoma, akaguna, akatingisha kichwa kwa kustaajabu. "Lo! Kazi iliyotukuka hii. Nani huyu ofisa? Angepandishwa cheo." Akavua miwani, akarudi. "Ofisa wa mapitio ameridhika. Na mimi simwingilii."

"Na mashahidi je? Mashahidi wapo."

"Hapo sasa! Huo ni mlango wa pili. Ukileta shahidi jalada linapona, linaamka, linakunywa uji. Unao wangapi?"

"Gulio zima. Hata mia tatu wanafika."

Bwana Mlangwa akainuka, akafunga mlango wa ofisi.

"Mama, nakusitiri kama mwanao. Shahidi ni mmoja. Wawili, sawa. Lakini watu mia tatu kusimama na kutazama kitu kimoja, walikuwa na kibali? Huo ni mkusanyiko. Ukiniletea majina yao nitawaweka ndani wote, na utakosa hata wa kukuletea magunia."

"Basi nitaleta mmoja."

"Ameona nini huyo mmoja?"

"Alichoona kila mtu."

"Basi si ushahidi mpya! Jambo linalojulikana na kila mtu linaitwa umbea. Mimi umbea siupokei, nina watoto."

Kesho yake Mwamvua akaenda kwa hakimu wa vifo, maana aliambiwa yupo hakimu ambaye kazi yake ni kuuliza tu mtu amekufaje, hata kama muuaji hajulikani. Alimkuta mzee mpole, ananukia karafuu.

"Uchunguzi wa kifo hufanyika wahusika wote wakiwepo," alisema hakimu. "Na mhusika mkuu wa kifo ni nani?"

"Ni marehemu, mheshimiwa."

"Mwanamke mwenye akili. Karani, mwite."

Karani akatoka mlangoni, akaita kwa sauti ya kazi: "Mbaruku! Mbarukuu! Mbaruku, mara ya mwisho!" Jina likaenda mpaka mwisho wa ukumbi likarudi. Mwamvua, Mungu amsamehe, aligeuza shingo kutazama.

"Hajahudhuria," alisema hakimu, akaandika. "Ombi limefutwa. Na mwambie asizoee."

Alijaribu hata kulishtaki lori lenyewe. Akaambiwa lori lina kinga ya bunge, kwa kuwa limebeba picha ya mbunge.

Ukabaki mlango mmoja. Kwenye dirisha la masjala ya mahakama alikaa karani mmoja, Bi Mwantumu, mwanamke mnene mwenye sauti ndogo. Huyo alimweleza vizuri, bila hotuba: raia anaruhusiwa kumshtaki mhalifu yeye mwenyewe, polisi wakishindwa. Anakuja dirishani, anataja mshtakiwa, kesi inaanza.

"Niandikie basi, dada."

Bi Mwantumu akachukua kalamu. "Jina la mshtakiwa?" Mwamvua akafumbua mdomo. "Ngoja! Funga kwanza hicho kinywa! Polisi wamesema hajulikani. Ukimtaja, wewe umemjuaje? Kumbe ulikuwa unamficha! Tena, kumtaja mtu ambaye kisheria hajulikani ni kumkashifu. Watakulaza ndani kwa yote mawili."

"Kwa hiyo mlango upo, ila haufunguki."

"Unafunguka, mahakama yoyote ikishamjua. Iandike tu mahali kwamba fulani ndiye aliyekuwa kwenye usukani. Hapo uje, hata mimi sitakwenda kunywa chai, nitakusubiri." Akachungulia kulia na kushoto, akashusha sauti. "Siku ile na mimi nilikuwepo, dada yangu. Nilikuwa nanunua dagaa. Mpaka leo siwezi kuwala."

Mwamvua akarudi kwa Bwana Mlangwa, miguu imemvimba, akakaa kwenye benchi. Ukutani palikuwa na tangazo la mazishi. Hakujua kusoma vizuri, akalisoma polepole, na huenda ndiyo sababu alikuwa mtu wa kwanza kulisoma lote.

"Mwanangu Mlangwa. Hapa pameandikwa mila zote za mahali."

"Zote, mama. Serikali hii inaheshimu mila kuliko mababu wenyewe walivyoziheshimu."

"Zote kabisa?"

"Na atakayeivunja au kuizuia mila hata moja mazishini, adhabu yake inaizidi ya wizi. Na ofisa atakayefumba macho, kosa ni hilohilo. Ndiyo maana nahimiza hata chumvi ya pilau iwe ya mila."

Mwamvua akamshukuru, akatoka. Alipofika kwake hakuingia ndani. Alisimama uani, akaweka mikono kichwani, akapiga yowe.

"Uwiii! Nimefiwa mie! Jalada languuu! Jalada langu jamani, nitambandulia nani ukoko!"

Majirani wakatoka mbio. Kwa miaka yote majalada yalivyozikwa hakuna aliyewahi kulililia hata moja. Familia zilikwenda kwa aibu, zikatupa udongo, zikala pilau ya serikali, zikarudi zimeinamisha vichwa. Na kwa kuwa hapakuwa na kilio, watu fulani hawakupata habari.

Watu wenyewe ni hawa. Mwamvua na ukoo wake walikuwa watu wa Matope, walima mpunga wa bondeni. Juu vilimani waliishi watu wa Mawe. Mababu zao walipigana mpaka mikuki ikaisha ncha, wakachoka, wakaapa kwamba tangu hapo vita vitakuwa vya mdomo tu. Wakawa watani. Na kazi kubwa ya mtani ni msiba: akisikia kilio anakuja bila kualikwa, anamwigiza marehemu, anawatukana wafiwa mpaka wacheke, analizuia kaburi mpaka apewe chake. Hakuna linalomzuia kusema. Na anayemnunia mtani msibani amefanya kosa kubwa, maana kununa ni kurudisha mikuki.

Hata kabla ya jua kupinda, Bibi Nyamizi wa watu wa Mawe alikuwa keshafika uani. Kikongwe mkavu kama kuni, fimbo mkononi, ugoro puani.

"Nani kafa tena kwa hawa vyura?"

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, uso wa gunia. Nimeuliza nani kafa."

"Jalada la Mbaruku."

"Jalada?" Bibi Nyamizi akalifikiria neno hilo, akalipigia chafya. "Haya. Msiba ni msiba. Huyo Mbaruku mwenyewe siku ya kumzika nilimtukana nikashiba. Kijana mpumbavu! Amezuia lori kwa kitambaa! Lori lenyewe kubwa kuliko ukoo wenu!" Akapangusa pua kwa ukingo wa khanga, ugoro ulikuwa mkali. "Limekufa na nini hilo jalada?"

"Limekosa jina, bibi."

"Lini mazishi?"

"Alhamisi. Mheshimiwa ndiye mgeni rasmi."

"Ala!" Bibi Nyamizi akatabasamu, akaonyesha jino lake lote. "Basi nitaoga."

Alhamisi ikafika. Makaburi yakapambwa kwa vitambaa vya taifa. Jalada lililazwa ndani ya jeneza dogo la mninga, limefungwa kamba ya kijani, bendi ya polisi ikapiga wimbo wa huzuni kwa furaha. Mheshimiwa alikaa mbele, chini ya mwavuli, suti imembana shingo. Hakuwahi kukosa mazishi ya jalada hata moja. Mengi yalikuwa kama watoto wake.

Bwana Mlangwa akasoma wasifu wa marehemu. Alikuwa anasema, "lilikuwa jalada lenye nidhamu, halikuwahi kumsumbua mtu," ndipo kikasikika kicheko kule nyuma.

Bibi Nyamizi alikuja amejiviringisha makaratasi ya kaki toka shingoni hadi magotini, kiuno kimefungwa kamba ya kijani, kwenye paji la uso amejigonga muhuri wa masizi. Nyuma yake walikuja watu wa Mawe, wake kwa waume, wanapiga madebe.

"Nipisheni! Mimi ndiye marehemu!"

Askari wawili wakainuka. Bwana Mlangwa akawakamata mikono, jasho linamtoka. "Kaeni! Huyo ni mila!"

Jalada likaanza kutembea. Likaenda mpaka meza ya mgeni rasmi, likapanda, likalala, likakoroma. Likaamka, likahamia meza ya Bwana Mlangwa, likakoroma tena kwa sauti nene zaidi. "Mnaona nilivyofanya kazi?" lilisema. "Nyie watu wa Matope hata kufa hamjui! Wenzenu wanakufa kwa homa, nyie mnakufa kwa kufungwa kamba kiunoni!"

Watu wakaangua kicheko. Mheshimiwa naye akacheka, tena kwa sauti, kwa sababu wapigakura walikuwa wanamtazama.

Kisha Bibi Nyamizi akashuka kaburini, akajilaza chali, akakunja mikono.

"Sitoki. Nataka haki ya mtani."

"Mletee kuku," alinong'ona Bwana Mlangwa.

"Kuku peleka kwa mkeo! Kwanza niwasimulie nilivyozaliwa. Mimi jalada nimezaliwa siku ya gulio. Na baba yangu mzazi mnamjua? Ni yule pale mwenye suti! Bila yeye mimi ningetoka wapi? Baba, pole kwa kufiwa!"

Makaburi yakatikisika kwa kicheko. Mheshimiwa alicheka pia, lakini sasa alikuwa anacheka kwa meno peke yake.

"Sasa sikilizeni alivyonizaa. Alikuwa kwenye lori. Nani kasema baba yangu anajua kuendesha? Anajua gia ya kwanza tu, anatambaa kama kobe mwenye mimba! Kaona mizani, kachanganyikiwa, badala ya kwenda mbele karudi nyuma! Kanyaga breki, breki hakuna, lori lenyewe bovu, limeungwa kwa kamba za magunia! Na macho yake hayo, hata jua akilitafuta mpaka aonyeshwe! Mtu amesimama na kitambaa chekundu mbele yake, yeye anauliza, jamani huyo ni mtu au nyanya? Alipogonga akalia mama weee, akajificha chini ya usukani, akalowa!"

Walicheka mpaka wanamuziki wa polisi, tarumbeta zikatoa upepo. Mheshimiwa aliacha kucheka. Alikuwa ameweza kuvumilia kuitwa baba wa jalada. Lakini alikuwa dereva, na alijiona dereva hodari kuliko wote wa nchi ile.

Akasimama, mwavuli ukaanguka.

"Mwongo wewe, kizee mchawi! Mimi nirudi nyuma? Nilikwenda mbele! Gia ya nne! Breki zilikuwa nzima, nilizitengeneza wiki hiyohiyo! Na nilimwona vizuri, nilimwona toka mbali, na kitambaa chake, na sikulia wala sikulowa! Niliendesha nimenyooka kama mshale!"

Madebe yalinyamaza. Mwamvua alikuwa ukingoni mwa kaburi na udongo wa kwanza kiganjani.

Kutoka chini kaburini ikatoka sauti ya Bibi Nyamizi, taratibu, ya masikitiko.

"Kanuna."

"Kanuna!" wakapokea watu wa Mawe.

"Kanuna!" wakapokea wa Matope, na wauza dagaa, na bendi.

Bwana Mlangwa akamsogelea Mwamvua, akamnong'oneza huku machozi yanamlengalenga. "Tupa, mama. Tupa upesi yaishe."

"Nitupe wapi, mwanangu? Kaburini mna mtu."

Bwana Mlangwa akatazama kaburi, akamtazama Mheshimiwa, akatazama umati. Udongo ukitupwa, kikongwe anafukiwa akiwa hai, jalada jipya linazaliwa, nalo litazikwa, na watani watarudi. Akifumba macho, kosa la mila ni lake. Alikuwa na watoto. Akatoa pingu kwa heshima kubwa, kama anayemvisha mtu nishani.

"Mheshimiwa, naomba radhi sana. Nakukamata kwa kununa."

Mazishi yakaahirishwa, kwa kuwa mila haziruhusu kuzika wakati mtani ameudhiwa. Na kesi ya kununa ikapelekwa mahakamani, ikajaza watu mpaka madirishani.

Mheshimiwa alileta wakili kutoka mji mkuu, msomi wa kweli, mwenye joho refu lililofagia sakafu nyuma yake. Utetezi wake ulikuwa wa akili nyingi.

"Mtukufu hakimu, kununa ni hasira isiyo na sababu. Mteja wangu hakununa. Alisahihisha! Mtani alisema uongo kuhusu uendeshaji wake, naye akaleta ukweli. Tukithibitisha kwamba alichosema ni kweli tupu, kosa la kununa linakufa."

"Thibitisheni," alisema hakimu.

Wakathibitisha. Fundi wa magari aliapa kwamba breki zilikuwa nzima, zingeweza kulisimamisha lori juu ya sahani. Utingo wa lori aliapa kwamba gia ilikuwa ya nne, aliiona kwa macho yake, na kwamba lilikwenda mbele. Daktari wa macho akaja na ubao wake wa herufi, Mheshimiwa akazisoma zote mpaka zile za chini kabisa zinazosomwa na wadudu, watu wake wakapiga makofi. Mwisho akapanda mwenyewe kizimbani.

"Ulimwona kijana wa mizani?" aliuliza wakili.

"Kama ninavyokuona wewe."

"Ulibabaika?"

"Mimi? Hata honi nilipiga mara mbili, kwa utulivu. Nikakanyaga mafuta."

Bibi Nyamizi, aliyekuwa amekaa mbele, akapaza sauti: "Usukani ulikushinda!"

"Haukunishinda!" alifoka Mheshimiwa. "Nilipita pale nilipotaka kupita!"

Wakili akatabasamu kwa ushindi. Mwamvua aliinamisha uso katika khanga. Kila jambo zuri alilosifiwa mtu yule lilimwingia yeye mwilini kama ile sindano yake. Lakini hakutoka. Alitaka kuyasikia yakiandikwa.

Hakimu akasoma hukumu amesimama.

"Mahakama imeridhika, pasipo shaka hata chembe, kwamba mshtakiwa ndiye aliyekuwa kwenye usukani. Kwamba alikwenda mbele, si nyuma. Gia ya nne, si ya kwanza. Kwamba breki zilikuwa nzima na hakuzikanyaga. Kwamba macho yake ni mazima na alimwona marehemu vizuri kabisa kabla ya kumgonga, na alipita pale alipotaka kupita. Kwa hiyo mtani alisema uongo, mshtakiwa alisema kweli, na mahakama inamwona hana hatia ya kununa. Yuko huru!"

Vigelegele vikapasua paa. Watu wa Mheshimiwa wakambeba juu juu, wakatoka naye, anapunga mikono pande zote. Wakili wake alikuwa anapokea pongezi mlangoni, akaanza kuelewa kitu, akanyamaza katikati ya sentensi, akaingia garini.

Bibi Nyamizi akamgonga Mwamvua begani kwa fimbo. "Unangoja nini, uso wa gunia? Unadhani nitakubeba?"

Mwamvua akainuka. Akapita ukumbi uleule alimoitwa Mbaruku, akafika kwenye dirisha la masjala. Saa ya chai ilikuwa imefika na madirisha mengine yote yamefungwa. Bi Mwantumu alikuwepo. Nakala ya hukumu alikuwa nayo mbele yake, wino haujakauka, na kalamu ameishika.

"Karibu, dada."

"Nimekaribia. Nimekuja kushtaki."

"Kosa?"

"Kumuua Mbaruku, mdogo wangu."

Bi Mwantumu akaandika. Akavuta pumzi, akainua uso.

"Jina la mshtakiwa?"

Mwamvua akashika nondo za dirisha kwa mikono miwili. Hakuharakisha. Alilitaja polepole, sehemu baada ya sehemu, akingoja kalamu ifike: Ramia. Kungulilo. Magongo.

Hadithi imeishia hapo. Kesi ndiyo kwanza inaanza.